Alby Renfrey na Saa ya Galaa

Ilikuwa mwaka wa arobaini na saba. Hapana, nimekosea. Ulikuwa wa arobaini na nane, maana arobaini na saba ndio mwaka ule tufani ilipong'oa kinu cha upepo cha Kisima cha Tatu kikalala kifudifudi kama mlevi, na Alby Renfrey alimaliza miezi minane akikisimamisha upya. Mwaka ule asingepata hata nafasi ya kumpenda mtu. Basi tushike arobaini na nane.

Alby alikuwa fundi wa vinu vya upepo katika nchi kavu ya ndani, huko Australia, ambako ranchi moja ya ng'ombe ni kubwa kama wilaya nzima na jirani wa karibu yuko maili arobaini. Kazi yake ilikuwa kupanda minara, kutia mafuta kwenye gia, kubadilisha ngozi za pampu, kisha kushuka akiwa mzima. Alikuwa mtu mrefu, mwembamba, masikio yamemsimama, na pua yake ilikuwa imebabuka kwa jua hata ikawa inaambua ganda jipya kila mwezi. Alikuwa na lori, na mbwa jike aitwaye Dot, na kopo la kuchemshia chai lililokuwa jeusi nje na ndani.

Watu walimwita Galaa.

Galaa ni ndege wa jamii ya kasuku, mgongo wa kijivu na kifua cha waridi. Huenda kwa makundi ya mamia, na wakitua juu ya paa lako huwezi kusikia unachofikiri. Jina lao wazungu waliliazima kwa wenyeji wa kale wa nchi ile. Matusi waliyaongeza wao. Mtu akifunga geti vizuri kabisa halafu akagundua ng'ombe wote wako upande wa pili, huyo galaa. Akipaka sakafu rangi kuanzia mlangoni kwenda pembeni mpaka akakosa pa kutokea, galaa. Akisimama kwenye harusi kuhutubia akasahau jina la bibi harusi, watasema leo kajifanya galaa mbele za watu. Mwenye akili zinazoyumba wanamwita mwehu kama mkaratusi uliojaa galaa. Na bosi akikasirika kwelikweli atakwambia galaa wa moto wewe, na hapo ni heri usijibu kitu.

Alby jina lilimpata akiwa na miaka kumi na tisa, siku alipounga kinu chake cha kwanza peke yake. Alifunga mkia wa kinu kinyume, hata upepo ulipovuma mapanga yakageuka yakaupa upepo kisogo. Bosi wake, mzee Ted Laffan, alisimama chini ya mnara ameshika kiuno, akatazama kwa muda mrefu.

"Alby mwanangu," akasema, "nina miaka thelathini kwenye kazi hii. Nimeona vinu vilivyovunjika na vinu vilivyopigwa na radi. Kinu kinachokimbia upepo sijapata kukiona. Galaa mkubwa wewe!"

Likamganda hapo hapo. Mwingine angeona haya, lakini Alby hakuona. Yeye alishinda juu ya minara miaka na miaka, na huko juu wenzake walikuwa ni galaa hao hao. Aliwaona wakidandia mapanga ya kinu, wakining'inia kichwa chini, wakizungushwa kama watoto kwenye bembea. Wakifika chini wanaachia, wanaruka, wanarudi juu kusubiri zamu. Mvua ikinyesha, hao wananing'inia kwenye waya wa simu kwa mguu mmoja wamefungua mabawa wakioga.

"Mjinga hajui kucheza," alikuwa akiwaambia wanaomcheka. "Na galaa akishampata mwenzake hamwachi mpaka kufa. Haya, nitajieni watu wangapi wa mjini wanaofanya hivyo."

Kwa hiyo jina alilivaa kama kofia nzuri.

Sasa, siku zile karibu kila ranchi ilikuwa na redio ya kuzungumzia, na vibanda vya mbali vilikuwa na zile za zamani za kukanyaga. Unakaa, unakanyaga pedeli kama za baiskeli ili upate umeme wa kusemea. Ukimaliza kusema unatamka "nasikiliza", unaacha kukanyaga, unageuza swichi upande wa kusikiliza, ndipo unamsikia mwenzako. Saa tatu asubuhi alizungumza daktari, yule anayefuata wagonjwa kwa eropleni. Saa tatu na nusu zikasomwa simu za maandishi, na nchi nzima ikajua mtoto wa nani kafeli na nani kaagiza meno ya bandia. Ikifika saa nne, Bwana Gribble, aliyeshika mitambo kule mjini, alikohoa na kusema, "Haya akina mama, njia ni yenu. Nusu saa, wala msizidishe."

Nusu saa ile iliitwa saa ya galaa. Wanaume waliipa jina hilo kwa kejeli, na wanawake wakalipokea kwa raha zao. Walisemezana kuhusu hamira na homa, kuku na vitambaa, na nani kaonekana na nani. Wengine walikuwa hawajaona mwanamke mwingine kwa miezi mitano.

Palikuwa na sheria ambayo haikuandikwa popote: saa ya galaa mwanamume hasemi. Tena zaidi ya hapo, mwanamume hasikilizi. Ukimuuliza yeyote kilichosemwa asubuhi atakwambia, "Mimi nitajuaje? Nilikuwa natia mafuta tandiko." Lakini Bi Lorna Cuddihy wa ranchi ya Mulgadoo akitangaza kwamba kuku wake kaangua kumi na mmoja, kesho yake mchunga ng'ombe anayepita na kundi la mia tano atamuuliza, "Hawajambo wale kumi na mmoja?" halafu atainama kukaza viatu ambavyo havijalegea.

Alby naye alikuwa hasikilizi, kama wenzake wote. Ila tu kazi zake alizipanga hivi kwamba saa nne imkute karibu na redio. Na hakuwa hasikilizi sauti zote. Alikuwa hasikilizi moja hasa, ya Verna Hoskin, mpishi wa ranchi ya Wirrapilla. Ilikuwa sauti ya polepole, yenye mkwaruzo kidogo, kama ya mtu aliyeamka sasa hivi na hana haraka ya kukwambia aliota nini.

Walikuwa wamekutana mara mbili. Mara ya kwanza Alby alitengeneza kinu kilicho nyuma ya jiko la Wirrapilla, akarudi nyuma hatua mbili ili akione vizuri, akatumbukia kwenye birika la kunyweshea ng'ombe. Verna akatoka jikoni, unga umemfika viwikoni.

"Wewe ndiye yule wanayemwita Galaa?"

"Ndiye mimi, mama."

"Mimi mama yako? Hata hatujajua nani mkubwa. Toka humo, ng'ombe hawajazoea supu."

Akampa taulo na kipande cha keki ya tangawizi. Mara ya pili, miezi mitatu baadaye, Alby alikuja kutengeneza kinu kile kile. Akala vipande vitatu.

"Kinu kina nini tena?" Verna akauliza.

"Kinalia kidogo."

"Mbona mimi nalala chini yake na sijakisikia?"

"Kinalia kwa ndani," akasema Alby, akachukua kipande cha nne.

Basi ilikuwa Jumatatu, Alby yuko kwenye kibanda cha Kisima cha Saba. Pampu alikuwa ameifungua yote, vyuma vimetapakaa juu ya turubai, na ng'ombe mia nne wamesimama kwenye uzio wakimtazama kama wadai. Maji ya birika yangewatosha mpaka kesho jioni, si zaidi. Ikafika saa nne akaingia ndani, akavaa visikilizio masikioni, akageuza swichi upande wa kusikiliza, akaisikia ile sauti.

"Jamani, mimi naondoka," alisema Verna. "Dada yangu ana nyumba ya wageni pwani, anataka mpishi. Napanda eropleni ya barua Alhamisi. Nimechoka kupikia wanaume kumi na wanne wasiojua neno jingine zaidi ya 'nipe chumvi.' Nasikiliza."

Wanawake wakalia wote kwa pamoja hata ikabidi Bwana Gribble awatulize. Kisha Bi Lorna akapata njia.

"Verna mwenzangu, ina maana hakuna kitu cha kukuzuia huku kwetu? Hata kimoja? Nasikiliza."

Redio ikachemka kama mafuta kikaangoni.

"Kama kipo," akasema Verna, "hakijafungua mdomo. Nasikiliza."

Alby alitoka nje akakaa juu ya ndoo. Kutoka pale mpaka Wirrapilla ni maili mia na sabini za mchanga na mawe. Angeweza kuondoka saa ile ile, lakini ng'ombe mia nne wangekufa, na mtu anayeacha ng'ombe wafe kwa kiu asingefaa kumwoa yeyote. Na pampu isingekwisha kabla ya kesho jioni. Neno lake lilikuwa na njia moja tu ya kumtangulia, nayo ilikuwa saa ya galaa, kesho, nchi nzima ikisikiliza. Siku ile alifunga vyuma na kuvifungua mara mbili, akimweleza Dot hoja moja baada ya nyingine, na Dot hakumpinga.

Jumanne saa nne kamili akakaa kwenye redio. Karatasi ya maelekezo iliyokuwa ukutani ilikuwa imeliwa na mchwa nusu nzima. Akakanyaga pedeli.

"Hapa ni Kisima cha Saba." Akageuza swichi.

Bwana Gribble akaingia. "Kisima cha Saba, una mgonjwa? Nasikiliza."

Akageuza, akakanyaga. "Sina mgonjwa. Naomba njia. Nasikiliza." Akageuza.

"Bwana wee, hii ni saa ya akina mama!"

Kicheko cha Bi Lorna kikapenya. "Mpe njia, Gribble! Toka nizaliwe sijasikia mwanamume mwenye ujasiri huo. Sema, mwanangu."

Alby akageuza swichi. Akakanyaga kama mtu anayepanda mlima kwa baiskeli.

"Verna, hapa ni Alby. Yule wa kwenye birika. Kinu chenu hakikuwa kinalia, nilidanganya, nilifuata keki, na kwenye keki yenyewe nilimfuata mpishi. Nina lori. Nina mbwa ambaye hana neno na mtu. Nina kazi isiyokwisha, maana upepo hauishi. Mimi si mtu wa kusema nipe chumvi na kunyamaza. Nikipata wa kumwambia, ninasema. Watu wananiita galaa, na leo kila aliye kwenye redio kajua sababu. Lakini galaa akishachagua, amechagua. Usipande eropleni, Verna. Olewa na mimi. Ni hayo tu. Nasikiliza."

Akaacha kukanyaga. Akakunja mikono magotini, akasubiri.

Swichi hakuigeuza. Ilibaki upande wa kusemea, na masikioni mwake hapakuingia kitu.

Verna alijibu. Nchi nzima ilimsikia, kutoka mtoni hadi kwenye reli, ranchi thelathini na moja na kambi za wachunga ng'ombe zisizohesabika. Kisha wanawake wakapiga vigelegele vyao, kila mmoja kwa namna yake, na huko Mulgadoo Bi Lorna aligonga sufuria kwa mwiko. Katikati ya shangwe ile Alby akakanyaga tena, sauti yake ikaingia, nzito, ikafunika kila mtu.

"Verna, umenyamaza, nami nimeelewa. Sina kinyongo. Keki ilikuwa nzuri. Safari njema."

"Saba! Kisima cha Saba!" Bwana Gribble alikuwa akipiga meza. "Swichi! Geuza swichi, galaa wa moto wewe!"

Nani wa kumsikia? Alby alikuwa ametundika visikilizio kwenye msumari na kutoka kwenda kwa ng'ombe.

Akamaliza pampu jioni ile, maji yakatoka. Asubuhi ya Jumatano, badala ya kwenda kusini nyumbani, akaenda maili ishirini kaskazini, Kisima cha Tisa, ambako hakuna redio wala mtu. Akapanda mnara akaanza kutia mafuta mahali palipokuwa na mafuta.

Karibu na saa tano lori la barua likatokea kwenye vumbi. Dereva wake, Perc Dowling, mtu mfupi mwenye kitambi, hakuwa na barua ya Kisima cha Tisa. Hakuna aliyewahi kupata barua pale. Alikuwa ameacha njia yake kwa maili thelathini, akifuata alama za magurudumu ya Alby.

"Galaa!" akapaza sauti. "Shuka!"

Alby akaona yameanza. Kwa nguvu zote akajibu, "Kama umekuja kucheka, cheka huko huko chini!"

"Shuka nikwambie!"

"Nasikia vizuri!"

Hakuwa anasikia vizuri. Kinu kilikuwa kinalia kwelikweli, si kwa ndani, na juu yake galaa sitini wakipiga kelele. Perc akasema maneno matatu marefu, Alby akapata neno "swichi" tu. Mwisho Perc akavuta mkono wa breki, mapanga yakasimama, galaa wakaruka wote. Ukashuka ukimya kama shuka.

"Nakuuliza," alisema Perc. "Jana, ulipomaliza kusema, uligeuza swichi?"

Alby akautazama mkono wake wa kulia. Akauinua mbele yake akauzungusha hewani, polepole, kama anayejaribu kukumbuka jinsi ya kufungua mlango wa nyumba aliyohama. Akashuka ngazi mbili mbili.

"Alinijibu?"

"Mimi nitajuaje?" Perc akakaza suruali. "Sisikilizi mambo ya galaa. Nilikuwa natia mafuta tandiko."

"Perc, wewe huna farasi."

"La kuazima."

"Perc, kaka, nakuomba. Kasema ndiyo au hapana?"

"Sikusikia kitu," alisema Perc, na uso ulikuwa umemwiva kama nyanya. "Ila najua eropleni ya barua inatua Wirrapilla kesho saa sita. Na matangi yako mawili ya petroli naona yamejaa. Na mimi ningekuwa wewe, nisingekuwa nimesimama hapa nikiongea na mtu asiyejua kitu."

Alby alimrusha Dot ndani ya lori akaondoka na bisibisi bado mkononi.

Pancha ya kwanza ilimpata maili ya hamsini, ya pili maili ya themanini. Alhamisi, zikiwa zimebaki dakika chache kufika saa sita, eropleni ilimpita juu ya kichwa ikishuka. Alipofika ilikuwa imesimama kiwanjani, na rubani anakunywa chai kivulini. Wanaume kumi na wanne wa Wirrapilla walikuwa wamejipanga kwenye uzio bila kazi yoyote, kila mmoja anatazama upande wake. Verna alikuwa amekaa juu ya sanduku lake kwenye baraza ya jikoni, kofia kichwani, glavu mkononi. Kwa mavazi hayo mtu anaweza kusafiri, na pia anaweza kuolewa. Alby alimtazama toka kofia mpaka viatu na asijue ni lipi.

"Niliacha swichi," akasema.

"Najua. Nchi nzima inajua."

"Basi sikusikia ulichosema."

"Pole."

"Ulisema nini?"

Verna akasimama, akapangusa gauni. Wale kumi na wanne wakaacha kupumua.

"Alby Renfrey, nilisema mara moja, hadharani, mbele ya wanawake thelathini, Bwana Gribble, na majitu haya yanayojifanya yalikuwa yanatia mafuta tandiko. Maneno yale sikuyajua kama ninayo. Yametoka, yamekwisha. Sirudii." Akaelekeza kidole. "Beba sanduku."

Alby akalibeba begani, akaanza kwenda kiwanjani, mabega yameshuka.

"Si huko!" Verna akapiga kelele. "Kwenye lori lako! Jamani, huyu ni galaa mpaka mifupani!"

Wakafunga ndoa wiki ile. Walikaa pamoja miaka arobaini na mmoja, kumi ya kwanza ndani ya nyumba ya magurudumu iliyovutwa na lori, kutoka kisima hadi kisima, na binti zao wawili walijifunza kutembea kwa kushika nguzo za vinu. Verna alipika keki ya tangawizi kwenye majivu. Alby alisema zaidi ya nipe chumvi, kama alivyoahidi, tena kuna siku Verna alimwomba apumzike. Walikuwa na furaha, na hilo nalisema bila wasiwasi, kwa sababu nilikula mezani kwao.

Ila swali lile hakuliacha. Alimuuliza mkewe kwa ujanja, kwa hasira, kwa zawadi, hata kwa homa ya kujisingizia. Jibu lilikuwa moja: "Ungegeuza swichi." Bwana Gribble alipostaafu alisema siku ile hewa ilikuwa na mikwaruzo. Perc Dowling alilala kitandani hospitalini, siku zake zimekaribia, Alby akamwinamia sikioni, na Perc akanong'ona, "Nilikuwa natia mafuta tandiko," akatabasamu akafumba macho. Wanawake walisema kila mmoja neno lake. Mmoja alidai Verna alicheka tu. Mwingine akaapa kwamba alilia. Bi Lorna alisema hilo ni la Verna, aulizwe Verna.

Verna walimzika mwaka wa themanini na tisa, asubuhi ya manyunyu. Watu walipotawanyika, Bi Lorna, aliyekuwa sasa anatembelea fimbo mbili, alisimama na Alby karibu na uzio. Kwenye waya wa simu galaa walikuwa wamening'inia kichwa chini, mabawa wazi, wakioga. Alby alikuwa amelia, akamaliza, na mgongo wake ulikuwa umenyooka.

"Lorna dada yangu," akasema, "sasa hayupo wa kuulizwa. Umebaki wewe peke yako uliyemsikia."

Bi Lorna akamshika mkono. Akafungua mdomo, akatazama wale ndege, akaanza kucheka taratibu mpaka machozi yakamtoka. Alby akacheka naye. Kisha akauliza tena, kama alivyouliza mara elfu:

"Lakini siku ile, Lorna, mimi nimekaa kama galaa na swichi mbele yangu, Verna alisema nini?"